Dalia hudumu miaka mingi viazi vyake vikikingwa na maji

MIONGONI mwa maua yanayopendezesha bustani za nyumbani katika miji yenye hali ya hewa ya ubaridi, kama vile Arusha, Lushoto, Mbeya na Nairobi, dalia lina nafasi ya pekee. Rangi zake ni nyingi: jekundu, njano, jeupe, zambarau na hata yenye rangi mbili kwa pamoja.

Hata hivyo, wengi wanaolipanda hulifaidi kwa msimu mmoja tu. Msimu unaofuata mmea hauchipui, na udongo unapofukuliwa hukutwa kiazi kimeoza. Mara nyingi kinachokiangamiza ni maji yaliyotuama.

Asili ya dalia ni nyanda za juu za Mexico na Amerika ya Kati. Mwaka 1791, mtaalamu wa mimea wa Hispania, Antonio José Cavanilles, alilipa jina hilo kwa heshima ya Anders Dahl, mtaalamu wa mimea wa Sweden. Mexico ililitangaza kuwa ua la taifa mwaka 1963.

Huko Ulaya, dalia hupandwa sakitu, yaani umande ulioganda, inapokwisha, na viazi hufukuliwa sakitu inaporejea. Maelekezo mengi yanayoandikwa kwenye pakiti hufuata kalenda hiyo. Kwetu Afrika Mashariki, ukiacha maeneo machache ya baridi kali kama Kitulo, kalenda hiyo haitufai. Karibu na ikweta mchana huwa na takriban saa 12 mwaka mzima, na kinachotenganisha majira ni mvua na kiangazi. Mtunza bustani hana budi kufuata mvua.

Kupanda

Chagua mahali panapopata jua kwa saa sita au zaidi kwa siku, pasipo na upepo mkali. Udongo uwe tifutifu, uliochanganywa na mboji au samadi iliyooza vizuri. Kama ni mfinyanzi, inua tuta ili maji ya mvua yapate njia ya kupita. Penye joto kali, kama mijini pwani, mmea huu hudhoofika. Ni afadhali upate jua la asubuhi na kivuli cha mchana.

Panda mvua zinapoanza, udongo ukiwa na unyevu bila kuloa chepechepe. Hakikisha kiazi kina jicho, ambalo huwa shingoni, pale kinapoungana na shina la zamani. Kiazi kisicho na jicho hakichipui hata kikiwa kikubwa namna gani. Kilaze katika shimo la kina cha sentimita 10 hadi 15, na uache nafasi ya sentimita 45 hadi 60 kati ya mche na mche. Simika kigingi siku hiyo hiyo, kwa kuwa ukikisimika baadaye unaweza kutoboa viazi vilivyo chini.

Usimwagilie kwa wingi kabla chipukizi halijatokeza. Kiazi kina akiba yake ya chakula na maji, na kwa kuwa bado hakina mizizi ya kunyonya, maji ya ziada hukiozesha.

Matunzo

Mche ukifikia sentimita 30 hivi, kata kilele chake ili utoe matawi mengi. Tangu hapo mwagilia kwa kulowesha udongo hadi chini mara mbili au tatu kwa wiki wakati hakuna mvua, badala ya kunyunyiza kidogo kila siku. Epuka mbolea yenye naitrojeni nyingi, kwani huleta majani mengi na maua machache.

Ondoa maua yaliyonyauka ili mengine yachanue. Tumba changa huwa la mviringo, ilhali ua lililokwisha hufumba na kuchongoka. Maua ya kupamba mezani yakatwe asubuhi yakiwa yamekwisha kuchanua, kwa sababu matumba ya dalia hayafunguki vizuri yakishakatwa.

Konokono hula chipukizi changa, waokote jioni. Vidukari huweza kuondolewa kwa maji ya sabuni. Mmea uliodumaa na wenye majani yenye mabaka ya kijani hafifu huenda una virusi vinavyoenezwa na vidukari hao. Ugonjwa huo hauna tiba: ng'oa mmea na uuteketeze, wala usigawe viazi vyake.

Kuhifadhi viazi

Mvua zinapokwisha na majani kuanza kukauka, punguza maji. Shina likikauka, likate na kuacha sentimita 10 hivi, kisha fukua kwa uma wa bustani ukianzia mbali na shina. Kung'uta udongo, tupa sehemu zilizooza na uanike viazi kivulini kwa siku chache. Vihifadhi katika boksi lenye maranda ya mbao au mchanga mkavu, mahali penye ubaridi na hewa, na uvikague kila baada ya wiki chache. Kilicholainika kiondolewe kabla hakijaambukiza vingine.

Mvua mpya zikikaribia, gawa kichane cha viazi kwa kisu safi, kila kipande kikibaki na jicho lake. Kiazi kimoja kilichopandwa msimu uliopita huweza kutoa miche kadhaa, na hivyo hutalazimika kununua vingine dukani.