Kipande, PIN na Kadi ya Bima: Jinsi Namba Zilivyofika Mto Tana

Mwaka 1966 nchi mbili zilizokuwa zimetoka chini ya Waingereza miaka michache tu nyuma zilifanya jambo la kufanana. Jamaica ilianzisha mpango wake wa Bima ya Taifa, na kila mfanyakazi akapewa namba ya kuwekea michango ya uzeeni. Kenya ilikuwa imekwisha kuunda hazina ya malipo ya uzeeni, NSSF, mwaka 1965, na mwaka huo wa 1966 ikaongeza hazina ya bima ya hospitali, NHIF. Baadaye sana, katika miaka ya 1990, Wajamaika walipewa namba ya mlipa kodi waiitayo TRN, na Wakenya wakapewa PIN. Ukizipanga tarehe hizi ukiwa Kingston au Nairobi, utasema hadithi ni moja: taifa changa lilianza kwa kumtunza mfanyakazi, kisha likamtoza. Ukizipanga ukiwa Kulesa, kijiji cha wakulima wa Kipokomo kando ya Mto Tana karibu na Garsen, mpangilio huo hausimami. Huku namba ya kumtafuta mtu ilitangulia namba ya kumtunza kwa karibu nusu karne, na iliyofuata ilijengwa juu ya ile ya kwanza. Ndiyo maana naona kosa katika mjadala wetu wa leo kuhusu namba moja ya Mkenya, kwa kuwa unashughulikia wingi wa namba na kuuacha msingi wake.

Tuanze na kodi, maana ndiyo iliyoanza. Serikali ya kikoloni ilileta kodi ya nyumba kuanzia 1901, ikidaiwa kwa rupia, na sheria ya 1910 ikaongeza kodi ya kichwa ili kijana asiye na nyumba naye asiponyoke. Mkulima wa bonde la Tana hakuwa na rupia. Alikuwa na mpunga, ndizi, samaki na mtumbwi. Rupia ilipatikana kwa kuuza mavuno kwa bei ya mnunuzi au kwa kwenda kufanya kazi ya mtu mwingine, na hilo la pili ndilo walowezi walilolitaka. Majirani wa kusini, Wagiriama, walipodaiwa kodi na vibarua kwa pamoja, walikataa, na mwaka 1914 wakapigwa kwa silaha. Baada ya kodi kikaja kipande. Sheria yake ilipitishwa 1915, ikaanza kutekelezwa vita vya kwanza vya dunia vilipomalizika: kila mwanaume Mwafrika aliyefikisha miaka 16 aandikishwe, achukuliwe alama za vidole, na awe na karatasi yenye namba yake, kabila lake, jina la mwajiri, mshahara, tarehe ya kuingia kazini na tarehe ya kutoka. Karatasi ilitiwa katika kikebe cha bati kilichoning'inizwa shingoni. Mwajiri asipotia saini ya kumwachilia, mtu yule hakuweza kuajiriwa kwingine, na akiondoka alisakwa kama mtoro.

Tuangalie kazi ya namba ile. Haikumwahidi mwenyewe kitu. Haikuwa na matibabu wala fidia wala uzee. Ilikuwa njia ya mwajiri kumpata mfanyakazi, na ya karani kujua nani hajalipa. Harry Thuku alipounda chama chake Nairobi mwaka 1921, kipande kilikuwa miongoni mwa malalamiko ya mbele, pamoja na kupunguzwa kwa mishahara na kupandishwa kwa kodi. Alikamatwa Machi 1922, umati ukakusanyika kudai aachiliwe, na polisi wakafyatua risasi. Mary Muthoni Nyanjiru, mwanamke ambaye sheria ya kipande haikumgusa kabisa, alikuwa miongoni mwa waliouawa. Kipande kilidumu robo karne zaidi. Kilipofutwa na sheria ya uandikishaji ya 1947, iliyokusudiwa watu wa rangi zote, Wazungu wa Kenya walipiga kelele kwamba alama za vidole ni za wahalifu. Kelele hizo zilisikilizwa upesi kuliko zile za miaka ishirini na mitano iliyotangulia, na wanaojua kusoma na kuandika wakatafutiwa njia nyingine ya kujitambulisha.

Uhuru ulibadilisha bendera kabla ya kubadilisha daftari. Sheria ile ya 1947, ikirekebishwa hapa na pale, ndiyo iliyobaki kuwa sheria yetu ya kuandikisha watu. Mwanamke aliingizwa ndani yake kwa marekebisho ya 1978 tu, yaliyoleta vitambulisho vya kizazi cha kwanza. Maana yake ni kwamba kwa miaka 15 ya kwanza ya uhuru, mama aliyepanda mpunga kwenye mafuriko ya Tana na kulea nyumba nzima hakuwa na kitambulisho, kwa sababu sheria ilikuwa bado inamtafuta kibarua wa kiume wa enzi ya walowezi. Hili halikutokana na ubaya wa karani fulani. Daftari huhifadhi nia ya aliyelianzisha hata baada ya yeye kwenda zake, na sisi tulilirithi bila kuliuliza lilitengenezewa nini.

Je, NSSF na NHIF hazikuleta nia mpya? Zilileta, na si haki kuzibeza. Mwalimu, karani, dereva wa kampuni na mfanyakazi wa bandari walipata kitu ambacho baba zao hawakuwa nacho. Lakini hazina zote mbili zilimfuata mwenye mshahara. Bima ya hospitali ilianza kwa kumlazimisha mwenye kipato cha shilingi 1,000 au zaidi kwa mwezi, kiasi ambacho mwaka 1966 wachache sana walikipata. Mlango wa hiari kwa wasio na ajira rasmi ulifunguliwa 1972, lakini mchango uliopangwa kwa mwezi haukuwa rahisi kwa mtu ambaye fedha yake huja kwa msimu wa maembe na kukauka na mto. Hata serikali ilipoleta miradi mikubwa ya umwagiliaji kwenye bonde, Hola katika miaka ya 1950 kwa jasho la wafungwa wa Mau Mau, na Bura miongo miwili na ushei baadaye, familia zilizopewa mashamba hazikuajiriwa. Zilikuwa wapangaji wa mradi. Walilima pamba ya serikali kwa maji ya serikali na kufuata ratiba ya serikali, ila mbele ya daftari la uzeeni hawakuwa wafanyakazi wa mtu.

Namba ya ushuru haikubaki kwa wenye mshahara tu. PIN ilipoanza ilikuwa ya wenye mishahara na biashara. Mamlaka ya Ushuru, KRA, ikaundwa 1995, mfumo wa iTax ukaingia katika miaka ya 2010, na sheria ya taratibu za ushuru ya 2015 ikaorodhesha shughuli ambazo haziendi bila PIN: kuandikisha ardhi, kusajili gari, kufungua akaunti ya benki, kupata leseni ya biashara, hata kuunganishiwa umeme. Kijana wa Garsen anayeomba mkopo wa masomo wa HELB huhitaji PIN kabla hajapata shilingi yake ya kwanza. Akishaipata, anatakiwa kila mwaka, kabla ya Juni kuisha, kujaza fomu ya kusema kwamba hana mapato. Akisahau, faini ni shilingi 2,000. Sijui namna bora ya kuonyesha tofauti kati ya namba mbili: ile ya bima hukuacha ukiwa huna kipato, ile ya ushuru hukuadhibu kwa kutotangaza kwamba huna.

Mtu wa Wizara ya Fedha atanijibu kwamba bila PIN hakuna ushuru, na bila ushuru hakuna hospitali ya Ngao wala barabara ya Garsen. Hoja ina uzito, lakini ina shimo. Ushuru wa ongezeko la thamani, VAT, ulianza 1990, na haumuulizi mtu namba. Anayenunua sabuni Kulesa, au muda wa simu, au mafuta ya pampu ya kuvutia maji ya mto, ameshalipa. Aliyekosa kitambulisho hulipa sawa na mwenye nacho. Kwa hiyo serikali haihitaji namba ili mwanakijiji achangie. Mwanakijiji ndiye anayehitaji namba ili naye apate kurudishiwa, kwa sababu posho ya wazee ya Inua Jamii, laini ya simu, M-Pesa, kura na matibabu vyote hupitia kitambulisho cha taifa. Namba zote hizi ni matawi, na shina ni kile kitambulisho.

Na shina hilo kwetu Tana lilikuwa na miiba. Wilaya ya Tana River iliwekwa pamoja na Lamu, Isiolo na Marsabit chini ya kanuni za hali ya hatari zilizowekwa kwa ajili ya Kaskazini Mashariki, na kanuni hizo ziliondolewa 1991. Mwaka 1989 serikali iliamuru Wakenya wa asili ya Kisomali wachunguzwe upya, na waliokubaliwa wakapewa kadi ya waridi ya ziada, juu ya kitambulisho walichokuwa nacho tayari. Tangu hapo neno msasa likapata maana ya pili kwa watu wa mipakani: kijana wa miaka 18 alisimama mbele ya kamati ya wazee na maafisa kuulizwa asili ya babu yake. Garissa wako Wakenya walionyimwa vitambulisho kwa sababu alama zao za vidole zilikutwa kwenye daftari la wakimbizi, baada ya familia kujiandikisha kambini wakati wa ukame ili zipate chakula. Pwani, Wamakonde wa Kwale walilazimika kutembea kwa miguu kuelekea Nairobi mwaka 2016 kabla ya kutambuliwa kuwa raia, na Wapemba wakangoja hadi 2023.

Wapo watakaosema kwamba mpaka wa Somalia si mchezo na kwamba Al-Shabaab wameua watu Lamu na Garissa. Ni kweli, na serikali isiyojua nani ni raia wake haiwezi kuwalinda. Ila hoja hiyo inahalalisha kuthibitisha uraia kwa ushahidi. Haihalalishi kumchukua Mworma au Mwardei wa Garsen kama mshukiwa wa kuzaliwa, huku Mkenya wa Nyeri akipewa kadi kwa karatasi za kawaida. Februari 2025 Rais William Ruto alitia saini huko Wajir tangazo la kuondoa msasa wa ziada katika kaunti za kaskazini. Baadhi walilia kwamba usalama umeuzwa kwa kura. Huenda siasa ilikuwamo, lakini mtu aliyedaiwa ushahidi zaidi ya wenzake kwa miaka 35 hapewi upendeleo anapodaiwa kiasi kile kile.

Sasa njoo kwenye dawa iliyotangazwa ya maradhi haya yote: namba moja. Huduma Namba ilizinduliwa Aprili 2019, na zaidi ya watu milioni 35 wakaandikishwa. Shirika la haki za Wanubi lilikwenda mahakamani, na mwezi Januari 2020 majaji watatu wakasema kuchukua chembe za DNA na mahali halisi mtu anapokaa ni kinyume cha Katiba, na mpango usiendelee bila sheria kamili. Jamaica ilikuwa imepita njia hiyo hiyo miezi tisa kabla: Aprili 2019 mahakama yake, chini ya Jaji Mkuu Bryan Sykes, ilibatilisha sheria nzima ya kitambulisho cha lazima, na majaji wetu waliitazama hukumu hiyo. Baada ya hapo njia ziliachana. Jamaica ilitunga sheria mpya ya 2021 ambamo kujiandikisha ni hiari. Kenya ilikuja na Maisha Namba, namba ya tangu kuzaliwa ambayo baadaye huwa ya kitambulisho, nayo imesimamishwa na kuruhusiwa na mahakama zaidi ya mara moja.

Wenye kuitetea wana hoja nzuri kuliko wapinzani wanavyokubali. Namba ya tangu kuzaliwa ingemwondolea kijana mtihani wa miaka 18, na ingezuia majina hewa kwenye orodha za misaada ya mafuriko, jambo ambalo watu wa delta wanalijua vizuri. Mimi naiunga mkono kwa sharti moja, na sharti lenyewe liko mwanzoni mwa safari. Mtoto anayezaliwa hospitali ya Ngao huandikiwa taarifa ya kuzaliwa na muuguzi. Aliyezaliwa nyumbani, wakati mto umefurika na njia imekatika, hungoja fomu ya naibu wa chifu. Ikiwa fomu hiyo haifiki, Maisha Namba haitakuwa na pa kuanzia, na mtoto atarudi kwenye foleni ile ile ya kitambulisho, safari hii akiwa amekosa namba moja inayofungua kila kitu badala ya tano.

Bima mpya ya afya, SHA, iliyochukua nafasi ya NHIF Oktoba 2024, ndiyo jaribio la kwanza kubwa la kumwandikisha kila Mkenya kwa ajili ya kumtunza. Mwenye mshahara hukatwa asilimia 2.75. Asiye na mshahara hupimiwa kipato kwa maswali kuhusu nyumba yake, na kima cha chini ni shilingi 300 kwa mwezi, ila mpango ulianza kwa kumtaka alipe ya mwaka mzima kwa mkupuo: shilingi 3,600 kabla hajaugua, wakati mwajiriwa hukatwa kidogo kidogo. Mtu wa Kulesa anaweza kutoa fedha hiyo maembe yakiuzwa. Mwezi wa Mei, maji yakiwa shambani, hana. Kama ratiba ya malipo ingefuata msimu wa bonde jinsi makato yanavyofuata mwezi wa mwajiriwa, basi kwa mara ya kwanza tangu rupia ya 1901 daftari la serikali lingekuwa limeandikwa kwa kalenda ya mkulima.