Walter Mong'are (Nyambane)

Walter Mong'are, anayejulikana zaidi kwa jina la jukwaani Nyambane, ni mchekeshaji, mtangazaji wa redio na mwanasiasa wa Kenya mwenye asili ya Abagusii, jamii inayokaa hasa katika kaunti za Kisii na Nyamira. Alipata umaarufu akiwa mmoja wa vijana watatu wa kundi la Redykyulass, pamoja na John Kiarie (KJ) na Tony Njuguna. Kundi hilo lilianzia Chuo Kikuu cha Kenyatta mwishoni mwa miaka ya 1990, na ndilo lililowazoesha Wakenya kumwona rais aliye madarakani akiigwa kwenye televisheni. Mong'are ndiye aliyesifika kwa kumwiga Rais Daniel arap Moi.

Jina na lafudhi

Kwa Mkenya yeyote, mtu akisikia Nyambane anajua mwenye jina katoka wapi. Nya- imejaa katika majina ya Gusii: Nyachae, Nyagarama, Nyaribo, Nyamweya. Ekegusii, lugha ya Abagusii, haina sauti ya l, kwa hiyo mzee wa Keroka akizungumza Kiswahili, "leo" huelekea kuwa "reo" na "lala" ikawa "rara". Vichekesho vya Kenya vimekula sana kwa lafudhi za makabila, na ya Mkisii ni mojawapo ya zinazoigwa mno, sambamba na ya Mluo, ya Mkikuyu na ya Mkamba. Wapo waliokerwa na mchezo huo, na si bila sababu, kwa maana mara nyingi mwenye lafudhi hugeuzwa kuwa bawabu au mpishi asiyejua mjini kuna nini. Kuchukua jina la kwao kabisa na kupanda nalo jukwaani kama mwenye kuchekesha, si kama mwenye kuchekwa, kulikuwa jambo la aina yake.

Kasuku wa 1984

Ili kuelewa kwa nini watu walishtuka, lazima turudi nyuma kidogo. Septemba 1984, aliporejea kutoka Addis Ababa, Moi aliwataka mawaziri na viongozi wengine waimbe kama kasuku: auimbe wimbo wake, nao waufuate. Alieleza kwamba hata yeye, alipokuwa chini ya Jomo Kenyatta, aliuimba wimbo wa Kenyatta. Mwaka huohuo Uingereza ilianza kutazama Spitting Image, kipindi cha vikaragosi vya mpira kilichomfanyia mzaha Waziri Mkuu Margaret Thatcher kila wiki. Huko kiongozi alitengenezewa kikaragosi. Huku kiongozi aliagiza kasuku.

Kilichowapata wasioimba kilijulikana vizuri hasa Nyamira. George Anyona, aliyekuwa mbunge kutoka upande wa Kitutu, aliwekwa kizuizini bila kushtakiwa mwaka 1977 enzi za Kenyatta. Mwaka 1990 alikamatwa tena, na 1991 yeye na wenzake watatu, Ngotho Kariuki, Edward Oyugi na Njeru Kathangu, wakahukumiwa kifungo cha miaka 7 kwa kosa la uchochezi. Hawakumaliza kifungo hicho. Waliachiliwa mwanzoni mwa 1992, baada ya vyama vingi kurudi. Mwandishi Wahome Mutahi naye alifungwa 1986, kisha akaja kuwachekesha watu kwa maigizo ya Kikuyu yaliyochezwa katika mabaa. Kwa hiyo si kweli kwamba hakuna aliyekuwa amemcheka mtawala kabla ya Redykyulass. Ila baa ina watu mia mbili, na wengi wamekuja kunywa.

Njia ya kumwiga rais kwenye televisheni ilifunguliwa na mambo mawili. La kwanza ni marekebisho ya sheria ya mwaka 1997 yaliyotokana na makubaliano ya wabunge wa pande zote, maarufu kama IPPG. Marekebisho hayo yalifuta kosa la uchochezi na kulegeza masharti ya leseni za maigizo yaliyokuwa katika Sheria ya Filamu na Maigizo, Sura ya 222. La pili ni biashara. Televisheni ya kwanza isiyo ya serikali, KTN, ilikuwa imeanza 1990, na mwishoni mwa 1999 Nation TV ikaingia hewani ikihitaji kitu ambacho KBC ya serikali isingethubutu kukionyesha.

Redykyulass

Jina lenyewe ni neno la Kiingereza la kitu cha upuuzi, limeandikwa kama linavyotamkwa Nairobi. Watatu hao walicheza skiti fupifupi, kila mmoja akibeba wahusika kadhaa, wakibadilisha koti na sauti papo hapo. Mapambo hayakuwa mengi. Kilichobeba kipindi ni masikio yao, yaani namna walivyokuwa wamewasikiliza wanasiasa hadi pumzi zao.

Moi alikuwa kama zawadi kwa mwigaji. Fimbo fupi ya pembe mkononi, ua jekundu kwenye koti, sauti ya mkwaruzo iliyopanda ghafla mwishoni mwa sentensi. Kila siku ya taifa alisoma kwanza hotuba ya Kiingereza iliyoandikwa na maofisa, neno kwa neno, macho kwenye karatasi. Kisha aliiweka kando na kuanza kuzungumza Kiswahili chake mwenyewe. Hapo ndipo uwanja uliamka, kwani hapo ndipo wapinzani waliposemwa. Mwigaji anayejua kazi yake hajali hotuba ya kwanza. Anangoja ya pili. Mong'are na wenzake ni wa kizazi cha maziwa ya Nyayo, yale yaliyogawiwa shuleni enzi za Moi, watoto waliosikia sauti hiyo kila jioni katika taarifa ya habari, ambayo karibu siku zote ilianza na "Mtukufu Rais". Hakuna chuo cha uigizaji kingewafundisha zaidi ya hapo.

Kwa maoni ya mwandishi wa makala hii, ukali wa Redykyulass haukuwa katika matusi, maana hayakuwepo ya kusemwa. Ulikuwa katika utiifu. Rais alitaka wananchi waimbe kama yeye, na vijana watatu wakaimba kama yeye kabisa, kwa sauti yake na kikohozi chake. Anayeigwa namna hiyo hawezi kulalamika kwamba kasuku amekosea wimbo.

Kipindi kilitamba katika miaka ya mwisho ya utawala wa Moi, aliyemkabidhi Mwai Kibaki madaraka tarehe 30 Desemba 2002. Baadaye watatu hao walirudi na kipindi kingine, Red Korna, lakini mshtuko wa mwanzo haurudiwi. Wakati huo kumwiga rais kulikuwa kazi ya kawaida ya redio za asubuhi, na mwaka 2009 mchora vibonzo Godfrey Mwampembwa, yaani Gado, mzaliwa wa Tanzania, alianzisha The XYZ Show, kipindi cha vikaragosi vya wanasiasa. Vikaragosi vya mpira vilifika Nairobi miaka 25 baada ya London.

Redio

Katika miaka ya 2000 Mong'are alisikika kwenye Kiss 100 FM ya Nairobi, akitangaza kipindi cha asubuhi pamoja na Caroline Mutoko. Mutoko alikuwa mkali na mwepesi wa kukata kauli. Nyambane alikuwa wa kuingiza sauti ya waziri fulani katikati ya mazungumzo. Kwa abiria wa matatu aliyekwama kwenye foleni ya Mombasa Road, ilikuwa njia ya kusahau saa.

Siasa

Waliowaiga wanasiasa waliishia kuwa wanasiasa. Kiarie ndiye aliyetangulia: mwaka 2007 aligombea Dagoretti akashindwa na Beth Mugo, na 2017 akachaguliwa mbunge wa Dagoretti Kusini. Alikitetea kiti hicho 2022. Mong'are alifanya kazi Ikulu wakati wa serikali ya Uhuru Kenyatta, jambo ambalo mtazamaji wa mwaka 2000 angelidhani ni skiti nyingine.

Mwaka 2022 alitaka urais kwa tiketi ya chama cha Umoja Summit. Gusii haikuwa ngeni katika mbio hizo. Anyona aligombea 1992 kwa chama chake cha Kenya Social Congress na kupata kura zipatazo 14,000 nchi nzima. Simeon Nyachae wa Kisii, aliyewahi kuwa waziri wa fedha wa Moi, aligombea 2002 kwa Ford-People akawa wa tatu kwa karibu asilimia 6. Mong'are hakufika hata kwenye karatasi ya kura. Tume ya uchaguzi, IEBC, chini ya Wafula Chebukati, ilimwidhinisha kwanza, kisha Juni 2022 ikaubatilisha uidhinishaji huo kwa hoja ya shahada yake ya Chuo Kikuu cha Daystar, kwa kuwa sheria inamtaka mgombea urais awe na shahada. Tarehe 9 Agosti wapigakura walikuta majina 4: William Ruto, Raila Odinga, George Wajackoyah na David Mwaure Waihiga.

Wachekeshaji wengine wa Gusii

Baada ya Nyambane, Gusii imeendelea kutoa wachekeshaji. Emmanuel Makori, maarufu kama Ayeiya, alijulikana kupitia kipindi cha televisheni cha Churchill Show hadi alipofariki katika ajali ya barabarani Nairobi, Aprili 2017. Chris Embarambamba ni mwanamuziki, lakini wengi humtazama kuliko wanavyomsikiliza: hujigaragaza topeni, hupanda miti, hukimbia mashambani akiimba. Wengine wamejijengea watazamaji kwenye YouTube kwa skiti za maisha ya nyumbani.

Wengi wa kizazi hiki ni watengenezaji filamu wa kujitegemea kwa maana halisi ya maneno hayo. Mmoja anaandika, anacheza, anashika kamera na kuhariri usiku. Uwanja wa nyumbani wenye migomba na chai nyuma yake ndio studio. Hawahitaji kumsubiri mkurugenzi wa kituo awape nusu saa, kama walivyosubiri watu wa Redykyulass. Badiliko jingine ni la lugha. Zipo skiti nyingi sasa zinazochezwa kwa Ekegusii mwanzo hadi mwisho, kwa ajili ya watu wa Kisii, Nyamira na wale walio ughaibuni, huku vituo kama Egesa FM vikiwa vimezoesha masikio kusikia Ekegusii hewani siku nzima. Katika skiti hizo lafudhi ya Mkisii haipo, kwa kuwa kila mtu anazungumza hivyo. Anayechekwa kwa matamshi yake ni mgeni kutoka Nairobi, anayejaribu kuagiza ndizi sokoni Daraja Mbili.