Mhariri wa Filamu Hasahihishi Makosa

Septemba 2020, Tamasha la Kimataifa la Filamu la Durban, lililoanzishwa 1979, lilifanyika mtandaoni kwa sababu ya korona. Tuzo ya filamu bora ya hali halisi ilikwenda kwa Softie ya Mkenya Sam Soko. Miezi michache kabla, kwenye tamasha la filamu la Sundance, Marekani, filamu hiyohiyo ilipewa tuzo maalumu ya majaji kwa uhariri. Waliotajwa ni Mila Aung-Thwin, Ryan Mullins na Soko mwenyewe.

Uhariri? Msomaji wa Kiswahili hulijua neno hili kutoka magazetini, ambako mhariri husahihisha na kupunguza maneno ya mwingine. Kwenye filamu kazi ni nzito zaidi. Softie inamfuata Boniface Mwangi, mpiga picha na mwanaharakati aliyegombea ubunge wa Starehe, Nairobi, mwaka 2017, pamoja na mkewe Njeri na watoto wao. Baada ya moshi wa gesi ya machozi, tuone jukwaa la kampeni, au sebule ambako mke anasubiri? Jibu la mhariri laweza kugeuza filamu ya siasa kuwa filamu ya ndoa, bila kupiga picha nyingine hata moja.

Wachina huiita kazi hii jianji: jian ni kukata kwa mkasi, ji ni kukusanya na kupanga. Mfano wao mkubwa, kwangu, ni William Chang wa Hong Kong, mhariri wa In the Mood for Love (2000), ambaye pia alibuni mandhari na mavazi yake. Mwongozaji Wong Kar-wai ana desturi ya kuanza kupiga picha bila mswada kamili. Kwa hiyo sehemu kubwa ya hadithi hupatikana mezani pa mhariri.

Basi kwa Kiswahili tubaki na neno “uhariri wa filamu”, maana tayari lina mhariri, kuhariri na kuhaririwa. Pale picha moja inapoishia na nyingine kuanza tupaite mkato. “Edita” ya mitaani inaeleweka, sina ugomvi nayo. Lakini “kuunganisha picha” ninaikataa: inataja mkono wa fundi na kuacha uamuzi wake.

Nanyi mnaoandika habari za filamu, kila mkimtaja mwongozaji, mtajeni na mhariri.