Kurani kwa Kiswahili na Mjadala wa Dini Mbili: Kutoka Dale hadi Farsy

1.0 Utangulizi

Historia ya uhusiano baina ya Ukristo na dini nyinginezo aghalabu huandikwa kwa kufuata matukio ya dola na makanisa: vita, mikataba, mitaguso na matamko. Katika upwa wa Afrika Mashariki uhusiano huo una kumbukumbu ya namna nyingine, nayo ni tafsiri za vitabu vitakatifu. Makala haya yanachunguza tafsiri tatu za Kurani kwa Kiswahili, yaani ile ya Godfrey Dale (1923), ile ya Sheikh Mubarak Ahmad (1953) na ile ya Sheikh Abdullah Saleh Farsy (1969). Hoja kuu ni kwamba tafsiri iliyofanywa na kasisi kwa nia ya kuupinga Uislamu ilikuwa miongoni mwa vichocheo vikubwa vya ufafanuzi wa Kurani kwa nathari ya Kiswahili. Aidha, mvutano uliofuata unamkabili mhakiki na swali ambalo halijafa: ni kwa haki gani mtu husoma kitabu cha dini ya mwenziwe?

2.0 Lugha Moja, Dini Mbili

Ludwig Krapf alipofika Mombasa mwaka 1844 alikuwa na barua ya Seyyid Said iliyomtambulisha kwa maliwali wa pwani. Mwaka huohuo alianza kukitafsiri Kitabu cha Mwanzo, na aliyemsaidia katika kazi hiyo alikuwa kadhi, Sheikh Ali bin Modehin. Jambo hili lafaa kuzingatiwa. Juhudi ya mapema ya kuipa Biblia sauti ya Kiswahili ilipitia kinywani mwa mwanachuoni wa Kiislamu. Kadhi hakuona kwamba habari za Adamu, Nuhu na Ibrahimu zilikuwa mali ya wageni. Alizijua tangu utotoni mwake, ingawa kwa msimulio mwingine.

Wafasiri waliomfuata Krapf, akiwemo Edward Steere ambaye Agano Jipya lake lilitoka mwaka 1879, walikuta lugha iliyokwisha kulelewa na Uislamu kwa karne nyingi. Maneno dini, imani, dhambi, toba, rehema, neema, nabii, malaika, shetani, roho na sadaka yote yalikuwamo, tena yakiwa na maana zilizokomaa darasani na misikitini. Hata msamiati unaodhaniwa kuwa wa Kikristo kabisa, kama vile kanisa, msalaba, askofu na kasisi, asili yake ni Kiarabu. Neno kasisi lenyewe limo katika Kurani, Sura ya Al-Maida, aya ya 82, mahali ambapo Wakristo wanatajwa kuwa karibu na Waislamu kwa mapenzi kwa sababu miongoni mwao wamo makasisi na watawa.

Ukaribu huu uliwatia wasiwasi baadhi ya wamishenari. Krapf alipendelea hati za Kirumi, akihofu kwamba hati za Kiarabu zingeurahisishia Uislamu njia ya kuenea barani. Wengine walikilaumu Kiswahili chenyewe kuwa kimezama mno katika Uislamu hata kisifae kuhubiria Injili. Hata hivyo, hofu hiyo haikuzuia kazi. Palipohitajika kuweka mpaka, mpaka uliwekwa katika majina na istilahi chache: Isa akawa Yesu, na Mwana wa Mungu akatajwa waziwazi mbele ya wasikilizaji waliokwisha kuhifadhi Sura ya Al-Ikhlas, inayokana kwamba Mungu alizaa au alizaliwa. Msikilizaji wa Unguja alielewa kila neno la mhubiri, na hapo ndipo ugumu ulipokuwa. Kutoafikiana kwao hakukutokana na ugeni wa lugha. Kulitokana na kuielewa barabara.

3.0 Tafsiri ya Dale

Godfrey Dale alikuwa kasisi wa Kianglikana wa misheni ya UMCA huko Unguja. Tafsiri yake ilichapishwa London mwaka 1923 na shirika la SPCK, na anwani yake inaahidi dibaji na 'maelezo machache'. Ahadi hiyo haikutimizwa, kwani maelezo yanajaza kurasa nyingi, na ndiyo yanayodhihirisha shabaha ya kazi nzima. Kitabu kilikusudiwa kuwapa walimu wa Kikristo wa Kiafrika maarifa ya Kurani ili waweze kujadiliana na Waislamu. Mfasiri anasimama kando ya matini akiipima kwa mizani ya Biblia, na kila palipo na tofauti, mizani hiyo humwelekea yeye.

Ni rahisi kuihukumu kazi hii kuwa silaha tu na kuitupa. Hukumu kama hiyo ingekuwa pungufu. Kwanza, Dale alichukua taabu ya kuisoma Kurani yote, jambo ambalo wapinzani wengi wa dini ya wengine hawajalifanya. Pili, kwa kuiweka katika Kiswahili, aliifikisha kwa wasomaji wasiojua Kiarabu, wakiwemo Waislamu wenyewe. Kasoro yake kubwa ni ya mkabala: anakisoma kitabu nje ya jamaa inayokisoma. Kwa Mwislamu wa Unguja au Lamu, Kurani haikuwa matini peke yake. Ilikuwa kisomo, tajwidi, darsa na ufafanuzi wa mwalimu aliyepokea kutoka kwa mwalimu. Dale aliyatafsiri maneno akaiacha nje sauti iliyoyabeba.

4.0 Majibu ya Waislamu

Kwa muda mrefu wanazuoni wengi wa pwani walisita kuitafsiri Kurani, kwa itikadi kwamba hakuna lugha iwezayo kuchukua mahali pa Kiarabu chake. Baada ya mwaka 1923, kunyamaza kulimaanisha kumwachia kasisi uwanja. Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui wa Mombasa (1891-1947), aliyekuwa Kadhi Mkuu wa Kenya kuanzia mwaka 1937, alilitambua hilo mapema. Katika magazeti yake, Sahifa (1930) na Al-Islah (1932), aliwahimiza Waislamu wasome, waandike na wajitetee kwa hoja. Alianza tafsiri yake mwenyewe, lakini alifariki kabla ya kuikamilisha, na sehemu yake ilichapishwa miaka mingi baadaye.

Tafsiri kamili ya kwanza kutolewa na watu waliojitambulisha kuwa Waislamu ilitoka Nairobi mwaka 1953, kazi ya Sheikh Mubarak Ahmad wa Jumuiya ya Ahmadiyya. Iliweka matini ya Kiarabu pamoja na Kiswahili, na maelezo yake yalikusudiwa pia kujibu hoja za wamishenari. Hata hivyo, jibu hilo lilizusha mjadala mwingine. Itikadi ya Ahmadiyya kwamba Isa alikufa kifo cha kawaida, na fahamu yao ya kauli kwamba Muhammad ni muhuri wa manabii, hazikukubaliwa na Masunni. Hivyo, uwanja uliofunguliwa na Mkristo dhidi ya Mwislamu ukawa mahali pa Waislamu kuhojiana wao kwa wao.

Sheikh Abdullah Saleh Farsy (1912-1982), mzaliwa wa Unguja aliyekuja kuwa Kadhi Mkuu wa Kenya, aliingia uwanjani akiwa na wapinzani wa pande mbili. Tafsiri yake, iliyotoka kwa sehemu kabla ya kukamilika Nairobi mwaka 1969, inamkosoa Dale na kuwapinga Ahmadiyya. Mtindo wake ni wa mwalimu wa darsa: Kiunguja fasaha, mabano mengi yanayofafanua kisichotamkwa, na maelezo yanayomsemesha msomaji kana kwamba ameketi mkekani mbele yake. Ile sauti iliyoachwa nje na Dale inasikika tena hapa, safari hii katika maandishi ya Kiswahili.

5.0 Kusoma ili Kushinda

Isidhaniwe kwamba kosa la Dale ni la Wakristo peke yao. Mwaka 1987 Ngariba Mussa Fundi na Mohamed Ali Kawemba walitoa kitabu Uislamu katika Biblia, kilichoisoma Biblia kwa namna inayofanana sana na ile ambayo Dale aliisoma Kurani: aya zinachukuliwa moja moja, zinatengwa na jamaa inayoziamini, kisha zinalazimishwa kushuhudia dhidi ya jamaa hiyo. Mihadhara ya miaka ya 1980 na 1990 nchini Tanzania na Kenya ilifuata mkondo huo kutoka pande zote mbili. Ilikusanya watu wengi viwanjani, na mara nyingine iliacha uchungu mitaani. Mwaka 1993 mabucha ya nguruwe yalivamiwa jijini Dar es Salaam, na majirani waliosemezana lugha moja wakajikuta wakitazamana kwa shaka.

Wingi wa dini, basi, hauondoi ubishi, wala si lazima uuondoe. Mkristo asemaye kwamba Isa na Yesu hawana tofauti yoyote anamdhulumu Mwislamu, na anaidhulumu imani yake mwenyewe pia. Linalotakiwa ni dogo kuliko kuafikiana, nalo ni gumu zaidi: kuweza kuieleza itikadi ya mwenzio kwa maneno ambayo yeye mwenyewe angekiri kuwa ni yake, kabla ya kuipinga.

6.0 Hitimisho

Tafsiri hizi tatu zimezaa fasihi ya nathari ambayo historia nyingi za fasihi ya Kiswahili, kwa kuelekeza macho kwenye utenzi na riwaya, hazijaipa nafasi yake. Zimeonyesha pia kwamba Kiswahili hakiegemei dini moja wala hakijatengana na dini. Ni nyumba yenye wapangaji waliorithi vyombo vilevile. Kadhi aliyeketi na Krapf mwaka 1844 hakuwa Mkristo siku ile, wala hakuwa Mkristo kazi ilipokwisha. Alimsaidia mgeni kulipata neno sahihi, kisha akabaki na imani yake. Wafasiri waliokuja baadaye walimzidi kwa wingi wa kurasa. Kama walimzidi pia kwa uadilifu ni jambo ambalo mhakiki atalipima kwa kuzisoma kurasa zenyewe.