Bibi Harusi wa Mkhumbane na Kioo cha Runinga

Katika vipindi vya uhalisia vinavyoshindanisha wasanii wa dragi kuna picha isiyokosekana. Msanii ameketi mbele ya kioo, kichwa kitupu, uso haujapakwa kitu, na kamera inamngoja. Baada ya muda anatoka na wigi, kope za bandia na gauni linaloburura sakafuni, na mtazamaji anaguna kwa mshangao: yule mwanamume amekuwa huyu mwanamke? Usiku ukiisha wigi huvuliwa, rangi hufutwa kwa pamba, naye hurudi alikotoka. Safari hiyo ya kwenda na kurudi ndiyo mhimili wa kipindi. Dragi ninayoizungumzia ni sanaa ya kujivika jinsia jukwaani. Naliazima neno hili kwa sababu maneno tuliyo nayo kwa watu wa aina hiyo mengi ni ya kutukania.

Mwanamke aliyebadili jinsia anauvuruga mhimili huo bila kukusudia. Anavua wigi na bado ni mwanamke. "Kabla" yake na "baada" yake zinafanana mno, na kipindi kinakosa muujiza wa kuuza. Hoja ya makala hii ni kwamba tabu waliyoipata wasanii hao kwenye runinga haikutokana na chuki pekee, bali pia na umbo la kipindi chenyewe. Ukiitazama tabu hiyo kutoka Durban, mji ambao miaka ya 1950 ulikuwa na jukwaa la namna nyingine kabisa, utaona kwamba swali lililowasumbua waandaaji kwa zaidi ya muongo mzima, yaani kama mtu aliyebadili jinsia anastahili kuitwa msanii wa dragi, liliulizwa kinyumenyume.

Tuanze na kisa kinachojulikana. Shindano la dragi la msanii RuPaul lilianza kurushwa Marekani Februari 2009. Katika msimu wa pili, mwaka 2010, alikuwemo msanii wa Georgia aliyetumia jina la Sonique. Aliondolewa mapema. Washiriki walipokutanishwa tena mwishoni mwa msimu, alitangaza kwamba yeye ni mwanamke na kwamba ameanza safari ya kubadili jinsia. Machozi yakamwagika ukumbini, makofi yakapigwa, kipindi kikaisha. Mwaka 2013 Monica Beverly Hillz aliungama jambo hilohilo mbele ya majaji, akiwa katikati ya shindano. Ilibidi kufika 2017 ndipo Peppermint wa New York aingie siku ya kwanza akijulikana wazi kuwa mwanamke aliyebadili jinsia, naye akamaliza wa pili. Mwaka uliofuata alipanda jukwaa la Broadway katika tamthilia ya muziki ya Head Over Heels, mwanamke wa kwanza wa aina yake kubuni nafasi ya mhusika mkuu huko. Mwaka huohuo wa 2018 RuPaul aliliambia gazeti la The Guardian kwamba huenda asingempokea mshiriki ambaye tayari ameubadili mwili wake. Lawama zilipomzidi aliomba radhi.

Sonique, sasa akiitwa Kylie Sonique Love, alirudi mwaka 2021 katika msimu wa sita wa toleo la magwiji la shindano hilo, akashinda taji na dola 100,000. Kati ya ungamo na taji ilipita miaka 11. Thailand, ambayo toleo lake lilimvika taji Angele Anang mwaka 2019, haikuhitaji kungoja hivyo. Sasha Colby wa Hawaii alishinda msimu wa 15 mwaka 2023, na kufikia hapo ungamo halikuwa tena kiini cha hadithi. Lakini Colby hakuzaliwa kisanii na runinga. Alikuwa ametwaa taji la Miss Continental mwaka 2012, shindano lililoanzishwa Chicago mwaka 1980 na kuwakubali wasanii waliobadili miili yao wakati mashindano mengine yakiwafungia mlango. Ugomvi huu, kwa hiyo, ni mkongwe kuliko kamera.

Sisi wa Afrika Mashariki tusijione tuko mbali. Joti wa Orijino Komedi amewachekesha Watanzania kwa kanga na sauti ya kike. Flaqo wa Kenya amemfanya mhusika wake Mama Otis kuwa mama wa mtaa mzima. Hakuna anayewauliza kitu. Tunacheka kwa raha kwa sababu tuna hakika kipindi kikiisha Joti atakuwa Joti. Kicheko chetu kina mkataba wa kurudi, sawasawa na kioo cha RuPaul. Asiyerudi hachekeshi tena. Hapo ndipo watu wanapoanza kuokota mawe.

Sasa Durban. Afrika Kusini ilichelewa mno kupata runinga. Serikali ya ubaguzi iliiogopa, na matangazo rasmi yalianza Januari 1976. Leo mji huo wa pwani ya Bahari ya Hindi una nyota wake wa vipindi vya uhalisia. Toleo la Durban la kipindi cha wake matajiri, lililoanza Showmax mwaka 2021, limezifanya nguo na ugomvi wa mezani kuwa mazungumzo ya saluni hadi kwetu. Lakini zaidi ya miaka 20 kabla ya runinga, kwenye mabonde ya Cato Manor yaliyoitwa Mkhumbane, palikuwa na jukwaa ambalo historia za dragi hulisahau.

Mkhumbane ilikuwa makazi ya mabanda kando ya mji, ambako Waafrika waliozuiwa kuishi Durban kihalali walikodi viwanja, wengi kutoka kwa wenye ardhi wa asili ya Kihindi. Ilikuwa na pombe ya kienyeji, muziki, umaskini na fujo. Januari 1949 damu ilimwagika huko katika ghasia kati ya Waafrika na Wahindi. Ilikuwa pia mahali ambapo mkono wa manispaa haukufika kila chochoro. Ronald Louw, mwalimu wa sheria katika Chuo Kikuu cha Natal, alichapisha mwaka 2001, katika kitabu kilichohaririwa na Robert Morrell kuhusu wanaume wa kusini mwa Afrika, utafiti juu ya harusi zilizofungwa Mkhumbane miaka ya 1950 kati ya watu ambao sheria iliwahesabu wote kuwa wanaume. Mmoja aliitwa iqenge, mwenye nafasi ya mume. Mwenzake aliitwa isikhesana, naye ndiye aliyekuwa bibi harusi.

Isikhesana hakuwa mwanamume aliyejivika uke kwa saa moja ili apigiwe makofi, kisha akavua. Alikuwa isikhesana Jumatatu akiteka maji kama alivyokuwa Jumamosi akichezewa ngoma. Vazi la harusi halikumgeuza, lilimthibitisha. Je, tumwite msanii wa dragi au mtu aliyebadili jinsia? Nadhani jibu la haki ni kwamba majina yote mawili yamekuja baadaye, kutoka kwingine, na kila moja linamkata kipande. Mtafiti Amanda Lock Swarr, katika makala ya mwaka 2004, alionesha kwamba dragi ya vilabu vya Wazungu Afrika Kusini ililitenga jukwaa na maisha, ilhali kwenye vitongoji vya weusi uke ulikuwa jambo la kuishi nalo kutwa kucha. Mkhumbane ilikuwa imeshalifanya hilo nusu karne kabla.

Tofauti kubwa, hata hivyo, naiona kwenye umbo la tukio. Runinga ilichagua shindano, Mkhumbane ilichagua harusi. Shindano lina majaji, na kila juma mtu mmoja hufungishwa virago. Harusi ina mashahidi. Jaji huuliza kama umeweza. Shahidi anakuja kusema kwamba amekuona. Wasomaji wa pwani yetu watanikumbusha, na ni kweli, kwamba sisi ni watu wa mashindano: ngoma za beni na lelemama zilishindana kwa sare, nyimbo na mbwembwe mpaka mitaa ikagawanyika. Lakini kule vilishindana vyama. Aliyeshindwa alirudi na chama chake akajipanga kwa mwaka ujao. Hakuna aliyesimamishwa peke yake chini ya taa aeleze uchungu wa utoto wake ndipo aruhusiwe kubaki.

Na pwani ina ushahidi wake kuhusu harusi. Gill Shepherd, mwanaanthropolojia aliyeandika juu ya Mombasa mwaka 1987, alieleza jinsi watu walioitwa mashoga walivyopata nafasi ya kupiga ngoma katika sherehe za harusi za wanawake, mahali ambapo mwanamume mwingine asingekanyaga. Kumbuka pia kwamba neno lenyewe, kwa wanawake wa pwani, ni rafiki wa kike wa kufa kuzikana. Unni Wikan aliandika mwaka 1977 kuhusu xanith wa Sohar, Oman, walioketi na wanawake na kuimba kwenye harusi. Neno lao na "hanithi" letu ni ndugu wa mzizi mmoja wa Kiarabu, ingawa letu limeishia kumaanisha mwanamume asiyeweza tendo la ndoa. Sisemi kwamba Sohar, Mombasa na Mkhumbane ni kitu kimoja. Ninachosema ni kwamba kuzunguka bahari hii, harusi ilikuwa mlango ambao mtu wa namna hiyo aliweza kupita na kazi yake ikaonekana kuwa kazi.

Lugha nayo ina la kusema. Ungamo la runingani kwa Kiingereza hujengwa juu ya kiwakilishi: jana mlisema hivi, leo semeni vile. Kizulu, kama Kiswahili, hakina mtego huo. Kiambishi kimoja humtosha mke na mume. Badala yake Durban ilikuwa na isiNgqumo, msimbo wa wenyewe kwa wenyewe ambao watafiti Stephanie Rudwick na Mduduzi Ntuli waliuchambua mwaka 2008. Asili yake hudhaniwa kufika hadi Mkhumbane, na baadhi ya izikhesana (wingi wa isikhesana) huuchanganya na hlonipha, lugha ya adabu ambayo mke wa Kizulu huitumia ili asitaje silabi za jina la baba mkwe. Lugha ya mkamwana kinywani mwa mtu ambaye kipande chake kinasema ni mwanamume: hiyo ni sanaa ya jukwaani kuliko wigi lolote, na kamera haiwezi kuipiga picha.

Mkhumbane haikudumu. Watu wake walibomolewa nyumba na kuhamishiwa KwaMashu na Umlazi kuanzia mwaka 1958. Juni 1959 wanawake walivamia vilabu vya pombe vya manispaa, Januari 1960 polisi tisa waliuawa huko, ubomoaji ukaendelea. Mwaka 1969 serikali ilitunga sheria mbili zinazotuhusu. Moja ilikataza kujibadili sura kwa nia mbaya, na ilitumika kuwakamata waliovaa nguo za jinsia nyingine. Ya pili, iliyofuatia uvamizi wa sherehe moja ya faragha Johannesburg mwaka 1966, ilifanya kosa vitendo vya ashiki baina ya wanaume "katika sherehe", na ikafafanua kwamba sherehe ni tukio lolote lenye zaidi ya watu wawili. Yaani watu watatu tayari ni karamu! Hata hivyo wabaguzi walikuwa wameelewa jambo ambalo waandaaji wa vipindi hawajalielewa hadi leo: kilichokuwa na nguvu hakikuwa vazi, bali waliokusanyika kulitazama.

Mahakama ya Katiba iliifuta sheria hiyo ya sherehe mwaka 1998. Sheria namba 49 ya mwaka 2003 ikaruhusu kubadili jinsia kwenye kumbukumbu za uraia kwa vyeti vya madaktari, na ndoa za jinsia moja zikahalalishwa mwaka 2006. Harusi ya Mkhumbane ingeweza sasa kusajiliwa.

Nitapingwa kwamba naipaka Mkhumbane rangi. Ni kweli, ndoa zile ziliiga mfumo dume: iqenge aliamuru, isikhesana alipika. Ulinzi wa jirani uliweza kugeuka umbea, na hakuna aliyelipwa mshahara kwa kuwa bibi harusi. Runinga inalipa. Dola 100,000 za Sonique si kitu cha kubezwa, na kijana wa Umlazi anayemwona Sasha Colby kwenye simu yake anapata kitu ambacho mzee wa 1955 hakukipata, yaani hakika kwamba kazi hii inaweza kumlisha mtu. Nakubali yote. Nisichokubali ni mazoea ya wanazuoni, wa kwetu na wa kwao, kuianza historia ya msanii aliyebadili jinsia mwaka 2009 au kwenye vilabu vya Chicago, kisha kuiita Afrika mtazamaji aliyechelewa. Durban ilianza na mtu mzima, jukwaa na maisha vikiwa kitu kimoja. Runinga ilimgawa vipande viwili, ikahitaji miaka 11 kumuunganisha, na ikajipongeza.

Ninaloomba ni jepesi. Hifadhi ya nyaraka ya GALA iliyoko Johannesburg na Chuo Kikuu cha KwaZulu-Natal, kilichorithi chuo cha Louw, viwatume watu wenye vinasa sauti KwaMashu na Umlazi, wanaojua Kizulu na ikiwezekana isiNgqumo, wakawasikilize waliohudhuria harusi zile. Waende mwaka huu. Aliyekuwa bibi harusi wa miaka 20 mwaka 1955, kama yu hai, ametimiza 90 mwaka 2025.