Pango, Sitara na Nyumba ya Mwamba

Mwalimu mmoja wa shule ya msingi huko Malolo, wilayani Kilosa, alituletea swali ambalo kwa juujuu laonekana dogo. Alikuwa akiwasomea wanafunzi wake kifungu cha historia kilichofasiriwa, nacho kilisema kwamba watawa wa Kibudha wa Bara Hindi waliishi katika mapango ya Ajanta. Mwanafunzi akamwuliza kama watu hao walikuwa hawajajua kujenga nyumba. Mwalimu alijua kwamba sivyo, lakini kitabu hakikumpa neno la kujibia. Kwa mtoto aliyekulia kando ya milima, pango ni tundu lililofanywa na Mungu, makao ya popo na fisi. Binadamu huingia humo kwa kukimbia mvua au adui.

Kosa si la mtoto. Mwaka 1819 afisa mmoja wa jeshi la Waingereza, John Smith, alipokuwa akiwinda chui milia, aliona uwazi wa mojawapo ya kumbi za Ajanta juu ya bonde la mto Waghora. Watawa walikuwa wameondoka karne nyingi kabla yake. Waingereza wakayaita yote waliyoyakuta mapango, wakayapa namba, na namba hizo zinatumika hadi leo. Sisi nasi tukalifasiri neno lao pasipo kukitazama kitu chenyewe.

Kitu chenyewe ni nini? Bonde limepinda kama mwezi mwandamo, na katika genge lake zimo kumbi zipatazo 30, ambazo hapana hata moja iliyofanywa na maji au upepo. Za kwanza zilichongwa katika karne ya 2 na ya 1 K.K.; nyingi zaidi ni za karne ya 5 B.K. Mafundi walianza darini wakateremka hadi sakafuni, kwa hiyo hawakuhitaji jukwaa la kusimamia. Ukumbi namba 24 haukumalizika, na kwa sababu hiyo unatufundisha kuliko iliyokamilika: alama za tindo zingalipo, na nguzo nyingine hazijatenganishwa barabara na mwamba uliozizaa.

Kumbi hizo ni za namna mbili. Ya kwanza ni chaitya, yaani ukumbi wa ibada, mrefu, wenye safu mbili za nguzo, na mwishoni mwake stupa. Ya pili ni vihara, makazi ya watawa. Hapa mfasiri wa Kiswahili ana bahati ambayo wengi hawana, kwani ramani ya vihara yaweza kuelezwa kwa maneno ya nyumba zetu za pwani karibu yote. Mbele pana baraza yenye nguzo. Ukipita mlangoni waingia ukumbini. Pande tatu za ukumbi zina vyumba vidogo vya kulala, na katika baadhi ya vihara kitanda nacho ni cha mwamba uleule. Penye sanamu, mara nyingi huwekwa ndani ya kidaka. Mtu aliyeona zidaka za nyumba ya mawe ya Lamu au Pate hahitaji maelezo zaidi. Asiyeyajua maneno haya huandika "tundu la ukutani", nalo tundu latukumbusha panya.

Huko Karla, kusini-mashariki ya Mumbai, umo ukumbi wa ibada wenye urefu wa takriban mita 38, uliochongwa karibu na mwanzo wa karne za B.K. Dari yake imepinda, na chini ya dari zimepangwa mbavu za mbao, ingawa mwamba haukuhitaji kushikiliwa na chochote. Mafundi walikuwa wamezoea kujenga kwa mbao, wakauvika mwamba sura ya nyumba waliyoijua. Katika ukumbi huo yamo maandishi ya tajiri mmoja aitwaye Bhutapala, wa mji wa Vaijayanti, akijisifu kwamba kazi hiyo aliyoikamilisha ndiyo bora kupita zote katika nchi ya Wahindi. Neno alilolitumia kuitaja ni selaghara. Sela ni mwamba au jiwe. Ghara ni nyumba. Mwenye mali aliyetoa fedha yake aliita nyumba ya mwamba, na sijui ni kwa haki gani sisi tuishushe daraja iwe pango.

Fedha hizo zilitoka wapi? Maandishi ya Karla, Nasik na Kanheri yanawataja wafanyabiashara, mafundi, watawa wenyewe na hata Wayunani miongoni mwa waliochangia. Bandari ya Kalyan, iliyowapa Kanheri wafadhili wengi, imetajwa pia katika kitabu cha safari za bahari kilichoandikwa kwa Kiyunani katika karne ya 1, kitabu kilekile kinachoutaja mji wa Rhapta katika pwani yetu. Hilo halithibitishi kwamba mtawa yeyote alifika huku. Laonyesha tu kwamba waliochonga nyumba hizo na wazee wa pwani ya Azania walikuwa kando ya bahari moja yenye biashara.

Wahindu waliendeleza kazi hiyo kwa ukubwa zaidi. Huko Ellora zipo kazi 34 zenye namba: 12 za Wabudha, 17 za Wahindu na 5 za Wajaini, zote katika mteremko mmoja. Namba 16, hekalu la Kailasa, ilichongwa hasa katika karne ya 8, wakati wa mfalme Krishna wa Kwanza wa ukoo wa Rashtrakuta. Hapo mafundi hawakuingia ndani ya genge kutoka mbele. Walichimba mahandaki kutoka juu ya kilima, wakalitenga jabali zima, kisha wakalichonga nje na ndani hata likawa hekalu lenye mnara, ngazi, tembo na ua wa kulizunguka. Mtu husimama chini ya mbingu na kulitazama kama anavyotazama jengo lolote. Kuliita hilo "Pango la 16" ni jambo la kuchekesha, lakini limechapwa.

Wala hatuhitaji kuvuka bahari ili kupata mfano wa kutuongoza. Nchini Ethiopia, katika mji wa Lalibela, yako makanisa 11 yaliyochongwa mwambani, ambayo kwa mapokeo huhusishwa na mfalme Lalibela aliyetawala mwishoni mwa karne ya 12 na mwanzoni mwa karne ya 13. Kanisa la Mtakatifu Giyorgis lina umbo la msalaba, nalo limesimama katika shimo lenye kina cha mita 12 hivi, likiwa limetengwa na mwamba pande zote nne. Wenyewe huliita Bete Giyorgis, yaani Nyumba ya Giyorgis. Neno bete, kwa njia ya Kiarabu, ni ndugu wa beti tunazozihesabu katika tenzi zetu. Basi Mhindi alisema nyumba, na Mhabeshi akasema nyumba.

Na pwani yetu? Hatukuchonga mahekalu mwambani, lakini tofauti ya kazi hizi mbili waashi wetu waliijua. Matumbawe ya baharini huchongwa yangali mabichi na laini, kisha hukauka yakawa magumu. Kibla ya msikiti wa Kizimkazi Dimbani, Unguja, yenye maandishi ya Kikufi ya mwaka 500 wa Hijra, yaani 1107, ni ushahidi wa mkono uliojua kuchonga. Kujenga ni kuongeza jiwe juu ya jiwe; kuchonga ni kuondoa kisichotakiwa. Kwa hiyo "nyumba ya mawe" imejengwa, na "nyumba ya mwamba" imechongwa. Lugha ilikwisha kututenganishia, na sisi ndio tuliochanganya.

Neno pango limetukosesha kwa upande wa pili vilevile. Michoro ya Kolo, wilayani Kondoa, iliyoingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2006, aghalabu huandikwa "michoro ya mapangoni". Sehemu kubwa ya michoro hiyo haimo pangoni. Imo chini ya miamba iliyoinama mbele, penye kivuli na mwanga wa kutosha wa kuchorea, na baadhi ya mahali hapo wenyeji wameendelea kupatumia kwa matambiko. Msomaji wa "mapangoni" hufikiri giza, na baada ya giza hufikiri ushenzi. Napendekeza tuseme sitara ya mwamba, kwa kuwa sitara ni kitu kinachokukinga pasipo kukufungia.

Tuangalie na michoro yenyewe. Huko Kolo rangi imepakwa juu ya mwamba wenyewe, na hiyo ni michoro ya mwambani. Huko Ajanta mwamba ulipakwa kwanza lipu ya udongo uliochanganywa na vitu kama pumba za mpunga, kisha chokaa, ndipo mchoraji akaanza; hiyo ni michoro ya ukutani. Afisa wa mambo ya kale anayeandika taarifa hana budi kuzitenganisha, maana lipu hubanduka na kuanguka pamoja na picha, ilhali rangi iliyo juu ya mwamba mtupu huoshwa na maji au hufifishwa na jua.

Kwa hiyo pango libaki kwa lile lisilofanywa na mtu. Mahali ambapo jina la Kiingereza limekwisha kuenea, mfasiri aandike "nyumba za mwamba za Ajanta" na kuitaja namba tu. Hekalu la Kailasa liitwe hekalu la jabali zima. Vihara na chaitya yatumike katika vitabu vya wataalamu. Katika vitabu vya shule, makazi ya watawa na ukumbi wa ibada yanatosha. Monasteri nisingelichagua hapa, kwa kuwa kwa wasomaji wetu wengi limekwisha kushikana na mashirika ya Kikatoliki, ingawa mtawa lenyewe halina dini moja.

Limebaki neno stupa. Wako waliojaribu kuliandika "kaburi", kwa sababu stupa nyingine zina masalia ya Budha au ya wafuasi wake. Lakini ile ya Karla imechongwa katika mwamba uleule wa ukumbi, nayo waumini huizunguka kwa ibada. Kaburi haliwezi kubeba maana hiyo, wala kuba halifai, kwani kuba ni paa, na stupa hii ni kitu kizima kilichojaa. Liachwe stupa, na mara ya kwanza linapotokea lifuatwe na maelezo ya sentensi moja.