Gharama za Kuwa Mwenyeji wa Mashindano Makubwa ya Michezo

Kuwa mwenyeji wa mashindano makubwa ya michezo huiletea nchi heshima, wageni na fursa za biashara. Hata hivyo, gharama zake hazikomi siku ya fainali. Sehemu yake kubwa hutokana na ujenzi wa viwanja, na huendelea kulipwa kupitia madeni na matengenezo.

Gharama za kiuchumi

Jiji la Montreal, Kanada, liliandaa Michezo ya Olimpiki mwaka 1976. Deni lake lilimalizika kulipwa mwaka 2006, miaka 30 baadaye, kwa sehemu kupitia kodi maalumu ya tumbaku.

Kwa Kombe la Dunia la mwaka 2014, Brazil ilitumia viwanja 12. Uwanja wa Manaus, unaochukua watazamaji zaidi ya 40,000, ulichezewa mechi nne tu za mashindano hayo, katika jiji lisilokuwa na klabu ya ligi kuu.

Gharama za kijamii

Mwezi Juni 2013, maandamano yaliyoanza kwa kupinga nauli za mabasi yalienea katika miji ya Brazil. Wananchi walihoji kwa nini fedha zilielekezwa kwenye viwanja wakati hospitali na shule zilikuwa na mahitaji. Nchini Afrika Kusini mwaka 2010, wafanyabiashara ndogondogo walizuiwa kuuza bidhaa katika maeneo yaliyotengwa kuzunguka viwanja.

Manufaa yanayodumu

Uwekezaji unaohudumia wananchi kila siku hubaki na thamani. Treni ya Gautrain, iliyoanza kuhudumia uwanja wa ndege wa Johannesburg siku chache kabla ya Kombe la Dunia la 2010, ingali inasafirisha abiria.

Afrika Mashariki

Septemba 2023, Shirikisho la Soka Afrika (CAF) liliipa Tanzania, Kenya na Uganda uenyeji wa pamoja wa Kombe la Mataifa ya Afrika la 2027. Kugawana uenyeji hupunguza idadi ya viwanja ambavyo kila nchi hulazimika kuandaa, ingawa kila kimoja lazima kitimize viwango vya CAF.

Uwanja wa Benjamin Mkapa, Dar es Salaam, uliofunguliwa mwaka 2007, umedumu katika matumizi kwa kuwa una timu na mashabiki wa kuutumia. Kwa kila uwanja mpya, mambo matatu yanapaswa kubainishwa kabla ya ujenzi: nani atautumia, nani atagharamia matengenezo, na wananchi wanaouzunguka watanufaika vipi.